Mkao wa Kifutu: Uhakiki wa Nyoka wa Silikoni

Aliyeumwa na nyoka, akiona ung'ong'o hushtuka. Methali hii hutajwa kuwasitiri waoga, lakini ndani yake mna nadharia nzima ya umbo. Ung'ong'o hauna kichwa, hauna magamba, hauna jicho. Ni ukanda mkavu wa jani uliodondoka njiani. Kinachomrusha mtu ni mstari uliopinda, basi. Kumbe kumtisha mwanadamu ni kazi nyepesi kwa msanii: kipande cha mpira wa kumwagilia bustani kinatosha.

Sasa aje fundi anunue silikoni ya bei, akae wiki kadhaa akihesabu magamba, atoke na nyoka ambaye hata mwalimu wa baiolojia atasita kumshika. Mhakiki hana budi kuuliza: uhalisia wote huo ni wa nini? Kama ni wa kutisha, fundi kapoteza fedha na muda, kwa sababu ung'ong'o ulishaifanya kazi hiyo bure. Hoja yangu ni kwamba uhalisia wa nyoka wa kufundishia una kazi ya kutofautisha. Kazi yake ni kumwonyesha mtazamaji nyoka huyu ni yupi, yule ni yupi, na kila mmoja hukaa vipi pale mtu anapomkuta. Sanamu nyingi za aina hii, hata zenye ngozi isiyo na dosari, huanguka kwa kuwa ustadi wa kutofautisha umetumwa kutisha. Na hazianguki kwenye magamba. Huanguka kwenye mkao.

Kaole ni mahali pazuri pa kulipima jambo hili. Kijiji kiko kilomita chache kusini ya mji wa Bagamoyo. Magofu yake, yenye msikiti unaohesabiwa kuwa wa karne ya 13 na makaburi ya nguzo ya mawe ya matumbawe, yana mikoko upande wa bahari, na upande wa bara kuna minazi, miembe na mikorosho. Rundo la mawe, majani makavu na panya wa shambani humvuta kifutu, yule ambaye wengine humwita moma. Mwembe na mkorosho ni makazi ya koboko wa kijani, nyoka wa ukanda huu wa pwani hasa. Mama anayeokota korosho na kijana anayefyeka majani kando ya makaburi hawahitaji kuambiwa kwamba nyoka wapo. Wanachohitaji ni kumjua aliye mbele yao.

Haja hiyo si ya Kaole peke yake. Mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani liliingiza kuumwa na nyoka wenye sumu katika orodha ya magonjwa ya kitropiki yasiyopewa kipaumbele. Shirika hilo hukadiria kwamba watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa kila mwaka kwa kuumwa, na mwaka 2019 lilijiwekea lengo la kupunguza vifo na ulemavu huo kwa nusu ifikapo 2030. Elimu ni sehemu ya mpango huo, na elimu ya nyoka ina shida ya zana: hakuna mwalimu atakayeingia darasani na kifutu mzima ndani ya kikapu.

Zana zilizokuwapo zilikuwa mbili, na kila moja ina umbo lake na uongo wake. Ya kwanza ni chupa ya maabara, nyoka amekunjwa ndani ya formalini au spiriti. Chupa ni nyofu kwa upande mmoja: magamba yote yapo, na mwenye subira atayahesabu. Lakini rangi haidumu. Kijani cha nyoka hutokana na rangi ya manjano iliyotandazwa juu ya ngozi inayorudisha mwanga wa buluu. Dawa huyeyusha ile manjano, na koboko wa kijani aliyekaa chupani miaka mingi hubaki wa buluu. Mwanafunzi anayemtazama humo anasoma nyoka asiyepatikana kwenye mwembe wowote.

Zana ya pili ni picha. Kitabu cha mwongozo wa reptilia wa Afrika Mashariki kilichotolewa mwaka 2002 na Stephen Spawls, Kim Howell, Robert Drewes na James Ashe ni hazina, na Howell mwenyewe alifundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kwa miaka mingi. Hata hivyo picha ina upande mmoja. Haina tumbo, haina unene, na mtu hawezi kuizunguka akaona kile ambacho mpigapicha hakukilenga. Silikoni inaahidi kuvirudisha pamoja vitu ambavyo chupa na picha viligawana: rangi ya moja na mwili wa nyingine. Ahadi hiyo ndiyo tunayoihakiki.

Tuchukue basi sanamu ya kifutu wa urefu wa karibu mita moja, iliyotengenezwa kwa njia ya kawaida ya fani hii. Fundi hupata mzoga, labda wa nyoka aliyegongwa na gari au aliyejifia kwenye bustani ya nyoka. Humlaza juu ya kitako cha udongo, humzungushia ukuta, humwagia silikoni ya kwanza ili apate kalibu ya upande wa juu, kisha humgeuza na kufanya vivyo hivyo upande wa chini. Mzoga ukitoka, ndani ya kalibu umebaki utupu wenye sura yake. Utupu huo hupakwa dawa ya kuachisha, maana silikoni hugandamana na silikoni mwenzake, kisha humiminwa silikoni laini iliyokwisha kutiwa rangi ya msingi, na katikati huwekwa waya wa kushika umbo.

Kemia ya kazi hii ina masharti. Silikoni inayogandishwa kwa platini, ambayo mafundi wengi huipenda kwa kuwa hainywei sana, haipatani na salfa. Ukitumia udongo wa kufinyangia wenye salfa, au ukavaa glavu za mpira wa asili, sehemu iliyogusana nao haigandi, hubaki inanata kama ulimbo. Kwa hiyo kila sentimita ya sanamu iliyokamilika ni ushahidi wa mikono safi. Na silikoni hiyo, ikishamiminwa vizuri bila viputo vya hewa, hunakili hata kijistari kinachopita katikati ya kila gamba na mikunjo midogo ya ngozi baina ya gamba na gamba.

Hapa ndipo wengi husema kazi imekwisha. Nyoka amejinakili mwenyewe. Fundi ana nini cha kuongeza? Dhana hiyo ni ya zamani. Katika karne ya 16, Bernard Palissy huko Ufaransa aliwafanyia kalibu mijusi, samaki na nyoka halisi akawapandikiza kwenye sahani za udongo wa kung'arishwa, na Wenzel Jamnitzer wa Nuremberg akawasubu viumbe wadogo kwa fedha. Waliowatazama walistaajabu kwa sababu hakuna mkono wa binadamu uliochora lile gamba. Lakini kalibu haijui kuchagua. Hunakili kilichopo, na kilichopo ni maiti. Misuli imelegea, taya limeshuka, jicho limezama, na mwili umelala kama ulivyoangushwa. Nyoka hai ana mkazo mwilini hata akiwa ametulia. Mbavu zake zinashika ardhi, shingo yake iko tayari. Sanamu iliyotoka moja kwa moja kwenye kalibu ni kweli tupu kuhusu ngozi, na wakati huohuo haisemi lolote kuhusu uhai.

Kwa hiyo uhalisia katika kazi hii ni vitu viwili. Upo uhalisia wa ngozi, ambao kalibu hutoa kwa mwenye uvumilivu yeyote. Upo uhalisia wa mwili, ambao hautoki popote ila kwa mtu aliyewatazama nyoka hai kwa muda mrefu. Wa kwanza ni ufundi, na wa pili ndio usanaa.

Tuisome sanamu yetu kuanzia mgongoni. Magamba ya kifutu yana mgongo mkali katikati, kama mashua iliyopinduliwa, na ndiyo yanayofanya ngozi yake iwe ya kukwaruza na isiyong'aa. Hesabu yake katikati ya mwili ni safu 29 hadi 41. Mtu anaweza kudhani hesabu hiyo ni ya wataalamu tu, lakini ina kazi katika umbo. Magamba mengi madogo kwenye mwili mnene hutoa uso wa vumbi, uso unaokula mwanga badala ya kuurudisha. Fundi anayekwepa kalibu na kuchonga mwenyewe mara nyingi hutumia muhuri mmoja, akaugongagonga mwili mzima. Matokeo yake ni magamba yaliyolingana kama nakshi ya mlango. Kwa nyoka halisi hakuna ulinganifu wa namna hiyo: magamba ya karibu na uti wa mgongo ni membamba, ya ubavuni hupanuka, na safu ya mwisho inayopakana na tumbo huwa laini. Macho yasiyojua sababu bado huhisi tofauti hiyo.

Juu ya magamba hayo zipo alama za rangi ya giza, 18 hadi 22, zenye umbo la herufi V zinazoelekea nyuma hadi mkiani. Alama hii ndiyo saini ya kifutu, na ndiyo fundi anayofaa kuipa muda kuliko nyingine yoyote. Kosa la kawaida ni kuzichora alama hizo kwa ukingo mkali, nyeusi kwa manjano, kana kwamba zimekatwa kwa mkasi. Kwa kifutu hai kila gamba huwa na rangi yake, na ukingo wa V hupatikana kwa magamba kubadilishana zamu: hili giza, lile kahawia, lile la majani makavu. Ukimtazama kwa karibu unaona vumbi la rangi. Ukirudi hatua tatu, V inajitokeza. Sanamu nzuri hulazimisha macho kufanya safari hiyohiyo, karibu kisha mbali, na mwanafunzi anayeifanya amejifunza kwa nini watu humkanyaga.

Rangi yenyewe ni mtihani. Juu ya silikoni hakishiki kitu ila silikoni. Rangi ya kawaida ya maji au mafuta itabanduka siku mtoto atakapoikunja sanamu. Fundi huchanganya rangi ya unga ndani ya silikoni iliyozimuliwa, akapaka tabaka nyembamba moja baada ya nyingine. Tabaka hizo zikizidi, huziba vijistari vya magamba, na kazi yote ya kalibu huzama. Tatizo lingine ni mng'ao. Silikoni ikiachwa ilivyo hung'aa kidogo, kama kitu kilicholoa. Kwa koboko, mwenye magamba laini, mng'ao huo unakubalika. Kwa kifutu ni uongo, na uongo wenye madhara, maana unamfundisha mtoto kumtafuta nyoka anayemeremeta pale ambapo nyoka mwenyewe anafanana na ardhi. Fundi anayejua hupaka unga wa kuua mng'ao, akaacha jicho peke yake liwe na unyevu.

Jicho la kifutu ni dogo, lenye mboni iliyosimama wima, na limewekwa juu pembeni ya kichwa bapa chenye pembe tatu. Kati ya macho mawili hupita mstari mwembamba wa rangi nyepesi. Matundu ya pua yanaelekea juu. Mambo haya matatu, mboni, mstari na pua, ndiyo yanayokifanya kichwa kisomeke hata kama kiwiliwili kimefunikwa na majani. Sanamu nyingi za madukani huwa na mboni ya duara ya kioo cheusi, jicho la mdoli. Kosa hilo dogo linatosha kuishusha sanamu kutoka cheo cha kielelezo hadi cha mchezo.

Kisha tuigeuze. Huu ndio mtihani ambao picha haiwezi kuufanya. Tumboni kwa nyoka hakuna magamba madogo. Kuna safu moja ya mabamba mapana yanayopishana, na kwa kifutu, nyuma ya tundu la haja mabamba hayo hugawanyika kuwa jozi hadi ncha ya mkia. Fundi mvivu huliacha tumbo bapa na tupu, akijua kwamba sanamu italala mezani. Fundi makini hutumia tumbo kutatua tatizo la mshono. Kalibu ya vipande viwili huacha mstari pale vipande vinapokutana, na mstari huo ukipita ubavuni huonekana kama kovu. Lakini ukipangwa ufuate mpaka wa asili, pale mabamba ya tumbo yanapokutana na safu ya kwanza ya magamba, mshono unakuwa sehemu ya anatomia.

Halafu kuna uzito. Silikoni ina uzito unaokaribia wa nyama kwa ujazo uleule, kwa hiyo sanamu iliyojazwa ndani hulala mkononi kama kiumbe, ikishuka pande zote mbili za kiganja. Hili ni jambo ambalo mbao haiwezi. Nyoka wa mbao wa vipandevipande wanaouzwa kwa watalii hujinyonganyonga vizuri ukiwashika mkia, na mzaha huo una raha yake, lakini mwendo wao ni wa bawaba. Wachongaji wa Kimakonde kwa upande wao wana uhuru wao: katika michongo ya mashetani nyoka huweza kuwa mkono au utumbo, na hakuna anayeuliza idadi ya magamba. Kila moja ya kazi hizo ina sheria zake. Silikoni imechagua sheria ya kushikwa na kuhesabiwa, na lazima ihukumiwe kwa sheria hiyo.

Sasa mkao. Tembelea maonyesho yoyote, ya makumbusho au ya duka la vitu vya kuchezea, utamkuta nyoka yuleyule: amejikunja, kichwa juu, kinywa wazi, meno ya sumu nje. Mkao huu umekuwa kama sare. Una mvuto kwa fundi kwa sababu unamruhusu kuonyesha kila alichonacho kwa mara moja, pamoja na ndani ya kinywa, ambamo silikoni nyekundu yenye unyevu hufanya maajabu. Lakini kifutu wa namna hiyo ni nadra. Kifutu ambaye mtu wa Kaole hukutana naye amelala. Hakimbii anaposikia hatua, kwa kuwa maisha yake yamejengwa juu ya kutulia. Humngoja panya apite. Mwaka 2015 watafiti wa Afrika Kusini walionyesha kwamba kifutu aliyetulia hanuswi hata na mbwa waliofunzwa kutambua harufu yake. Mwili mzima wa nyoka huyu, rangi, magamba, harufu na subira, ni sanaa ya kutoonekana. Kumsimamisha kichwa juu na kinywa wazi ni kumwandika kinyume.

Madhara yake kwa mwanafunzi yanafahamika kwa urahisi. Mtoto aliyeonyeshwa nyoka wa kinywa wazi atajua kumwogopa nyoka wa kinywa wazi. Atapita kando ya kaburi la nguzo, akanyage penye majani, na kile alichofundishwa kukitafuta hakitakuwapo. Sanamu ilimpa hofu pale alipohitaji utambuzi.

Wanasayansi wa wanyama, ambao hawakuwa wakitafuta sifa za kisanaa, walilielewa jambo hili mapema kuliko wasanii. Catherine Crockford na wenzake, walipotaka kujua kama sokwe wa msitu wa Budongo nchini Uganda huonyana juu ya hatari, waliweka katika njia zao sanamu za nyoka wanene wa jamii moja na kifutu. Matokeo yalichapishwa mwaka 2012: sokwe walitoa zaidi mlio wa tahadhari pale mwenzao alipokuwa hajui kwamba kuna nyoka. Jaribio zima lingekufa kama sanamu zisingekaa kama nyoka wakaavyo, zimetulia chini. Huko Laikipia nchini Kenya, Lynne Isbell na Stephanie Etting waliwaonyesha tumbili ngozi ya nyoka iliyofunikwa ikabaki sehemu isiyofika sentimita tatu, na tumbili waliigundua; utafiti wao ulitoka mwaka 2017. Hapakuwa na kinywa wala meno. Mpangilio wa magamba ulitosha.

Masomo hayo mawili yanampa fundi mwongozo wa umbo. Kifutu wa kufundishia alale. Nusu ya mwili wake ifunikwe na majani halisi ya mkorosho, na mwanafunzi aambiwe amtafute kabla ya kuambiwa amtazame. Kichwa kiwe chini, kimeegemea mkunjo wa mwili. Kama darasa linahitaji kuona meno, kichwa cha pili kitengenezwe peke yake, kinywa wazi, kiwekwe pembeni kama mchoro wa kueleza. Kuvitenganisha vitu hivyo viwili ni uamuzi wa kisanaa: kimoja kinaeleza jinsi nyoka alivyo, kingine jinsi anavyokutwa.

Kifutu ameipendelea silikoni. Tukihamia kwa nyoka wa kijani, mambo yanabadilika. Kwenye miti ya pwani wapo angalau watatu wanaochanganywa: koboko wa kijani, ambaye sumu yake hushambulia mishipa ya fahamu, nyoka wa mitini ambaye vitabu humwita boomslang, ambaye sumu yake huharibu kuganda kwa damu na ambaye dume lake huweza kuwa kijani kitupu, na ukukwi, yule mwembamba asiye na madhara anayekula vyura na mijusi. Watu huwaua wote watatu kwa jina moja. Hapa sanamu moja peke yake, hata ikiwa na uhalisia wa kupindukia, haifundishi kitu. Mtoto akionyeshwa koboko wa kijani tu, atamwona koboko katika kila ukukwi.

Umbo sahihi kwa somo hili ni kundi. Watatu walale sambamba juu ya meza, na macho yaende kutoka kwa mmoja hadi kwa mwingine. Koboko ana kichwa kirefu chembamba na jicho la kiasi. Boomslang ana kichwa kifupi na jicho kubwa mno kwa uso wake. Ukukwi naye ana jicho kubwa, lakini mwili wake ni wa kamba. Vidole vitasema yaliyobaki: magamba ya boomslang yana mgongo katikati na yanakwaruza, ya koboko ni laini na kwa kawaida ni safu 19, ya ukukwi hayazidi safu 15. Sanamu moja husema neno moja. Zikiwa tatu zinatoa hoja. Constantine Ionides, yule askari wa wanyamapori aliyehamia Newala na kuwakamata koboko wa kijani kwa wingi katika mikorosho na miembe, alijenga ujuzi wake kwa kuwashika nyoka wengi, mmoja baada ya mwingine. Kundi la sanamu ni njia salama ya kumpa mwanafunzi sehemu ndogo ya wingi huo.

Pwani ina neno lake katika mjadala huu. Sanaa ya Waswahili haikuzoea sanamu ya kiumbe hai. Kwenye milango ya Bagamoyo mchongaji aliweka minyororo, maua na matawi, na samaki alipoingia aliingia akiwa amegeuzwa nakshi, magamba yake yakawa pambo linalojirudia. Mzee anayemwona nyoka wa silikoni karibu na msikiti wa kale ana haki ya kuuliza. Wanazuoni wengi wameweka wepesi kwa vitu vya kuchezea watoto, wakitaja wanasesere wa Bibi Aisha, na wapo wanaouendeleza wepesi huo hadi kwenye zana za kufundishia. Mimi naona swali hilo lina faida kwa umbo lenyewe. Linamdai fundi aseme waziwazi kwamba kazi yake ni zana. Hapo ndipo tumbo lenye maelezo, kichwa cha pili kilichotengwa na kibao chenye jina la nyoka vinapopata maana. Sanamu inayojificha ili idhaniwe nyoka wa kweli ni mzaha, na mwisho wake mara nyingi ni bibi aliyezimia sokoni.

Ipo kasoro moja ambayo ustadi hauiondoi. Silikoni haitembei. Kwa kifutu hiyo ni bahati, kwani kutotembea ndiko kunakomtambulisha. Sanamu iliyolala ni kweli kuliko sanamu nyingine yoyote. Kwa koboko mweusi ni msiba. Nyoka huyo, ambaye mwili wake ni wa kijivu au kahawia na weusi wake uko ndani ya kinywa, hujulikana kwa kwenda: hukimbia kwa kasi ya karibu kilomita 16 kwa saa kwa umbali mfupi, huinua sehemu ya mbele ya mwili, hugeuka, hutoweka. Ukimlaza mezani unabaki na kamba ya kijivu. Ukimsimamisha kinywa wazi unarudi kwenye sare ya kutisha. Hakuna mkao mmoja unaobeba ukweli wake, kwa sababu ukweli wake uko kati ya mkao na mkao.

Kwake yeye Bagamoyo ina vifaa vingine. Chuo cha Sanaa kilichoanzishwa mwaka 1981, ambacho tangu 2007 ni Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, TaSUBa, kinafundisha ngoma, sarakasi na maigizo pamoja na sanaa za ufundi. Wasukuma wamekwisha kuonyesha, katika ngoma zao za Bayeye wanaocheza na nyoka, kwamba mwili wa mchezaji unaweza kumsoma nyoka kwa mwendo. Mchezaji anayejua kuinuka, kusita na kugeuka atamfundisha mtoto jambo la lazima kuhusu koboko: kwamba nyoka anatafuta njia ya kutoka, na kwamba mtu anatakiwa asimame, arudi nyuma taratibu na kuiacha njia hiyo wazi. Ningekuwa na bajeti ya seti moja ya zana kwa shule za Kaole, ningeagiza kifutu mmoja wa silikoni aliyelala, watatu wa kijani wa kulinganishwa, na kichwa kimoja cha kuonyeshea meno. Koboko mweusi ningempa mcheza ngoma.